Mkono Begani kwa Mengesha

Jirani yangu Etagegn aliniuliza mara moja tu, mwaka wa pili baada ya mimi kufiwa, tukiwa tumekaa kwenye vigoda tunangoja duru ya tatu ya kahawa: "Dada Yeshimebet, huo mkono begani kwa marehemu ni wa nani?"

Nilikuwa napepea makaa. Sikuinua kichwa.

"Wa mtoto wa ndugu yake," nikasema.

"Na mtoto mwenyewe yuko wapi?"

"Alitikisika wakati wa kupiga picha."

Etagegn akacheka. "Atikisike mpaka atoke mzima, mkono ubaki? Huyo mtoto au moshi?"

Nikamjazia kikombe, akahamia kwenye habari za binti yake. Hakuuliza tena, na mimi nikashukuru. Lakini picha ya Mengesha na ile ya Bikira Maria nilizitundika ukuta mmoja, kwa hiyo kila asubuhi nikisimama kusali, ule mkono ulikuwa mbele yangu. Mkono mdogo, wa kushoto, vidole vimekamata kola ya shati la mume wangu.

Nieleze ulivyofika pale.

Nilifanya kazi miaka thelathini na moja katika ghala la filamu la serikali hapa Addis Ababa. Niliingia kama mfagizi, nikiwa nimeishia darasa la sita. Siku moja mkuu wa ghala, Ato Girmachew, maana kwetu bwana huitwa Ato, alinikuta mapumzikoni nasokota pamba ya kufumia shuka. Akasimama akatazama uzi unavyotoka vidoleni mwangu, akasema, "Mwanamke anayesokota hivi anaweza kushika filamu." Kuanzia hapo ufagio nikauweka kando, akanifundisha kazi yake. Nilijifunza kuzungusha mkanda kwa mkono bila kuukwaruza, kuupangusa kwa kitambaa laini, kukata palipochanika na kuunga kwa gundi kiasi kwamba kidole kikipita hakijui.

Na kunusa. Filamu za zamani zikianza kuoza hunuka siki. Kila mwezi nilifungua makopo, moja baada ya jingine, nikanusa kama mpishi, nikayaacha wazi yapate hewa. Ato Girmachew alisema filamu inapumua, na pumzi yake mbaya isipopata pa kutokea, inajila yenyewe. "Mfungie mtu chumbani na hasira zake siku tatu, halafu ufungue uone," alikuwa akisema. Nililijua hilo kuliko mtu yeyote pale. Naliandika ili nisije nikajitetea.

Mume wangu Mengesha alikuwa dereva wa malori ya nafaka. Miaka mitano baada ya ile njaa kubwa, lori lake lilipinduka kwenye milima ya kaskazini likawaka moto. Walimzika hukohuko kabla mimi sijapata habari. Kitambulisho chake kiliungua naye. Picha ya harusi hatukuwa nayo, kwa sababu siku ile mpiga picha hakutokea na sisi tulisema tutapiga baadaye, tukawa tunasema hivyo miaka kumi na moja.

Sasa kwetu, katika kilio, picha ya marehemu inabebwa katikati ya waombolezaji. Wanawake wanaiinua, wanaongea nayo, wanaisifu, wanailaumu kwa kuondoka. Siku tatu za kwanza sisi tuliinua koti lake. Wifi yangu Alganesh alilivumilia hilo mpaka siku ya tatu jioni, akasema mbele ya watu:

"Arobaini yake itakuwaje? Tutamlilia nani, msumari wa kutundikia koti? Mke gani huyu hana hata picha ya mumewe, na kutwa nzima anashinda ndani ya mapicha?"

Watu wakamwambia anyamaze. Lakini maneno yale ya mwisho yaliniingia kwa namna ambayo yeye hakukusudia. Nilikumbuka Mengesha aliwahi kurudi kutoka kaskazini, mwaka wa njaa, akaniambia huku anavua viatu: "Watu wa ofisi yenu wamenipiga picha kambini. Waambie wakinitoa vibaya nitawadai." Ndilo neno pekee la utani alilolisema kuhusu safari zile.

Niliporudi kazini nilianza kutafuta. Makopo ya mwaka ule yalikuwa mengi, na mengine yalikuwa hayajachapishwa kamwe. Ilikuwa negativu tupu, ile filamu yenyewe iliyotoka kwenye kamera. Kwenye negativu nyuso zetu zinatoka nyeupe kama majivu, meno meusi, usiku unakuwa mchana. Si rahisi kumjua mtu. Lakini Mengesha bega lake la kulia lilikuwa limeshuka, kwa kubeba magunia tangu ujana, na siku ya tisa, kwenye meza ya taa, nikaliona lile bega. Anatembea kutoka kwenye foleni ya watu waliokaa chini, anakuja upande wa kamera, amebeba kitu. Niliegemea meza nikalia bila sauti, kwa sababu Ato Girmachew alikuwa chumba cha pili.

Nilikata mita nane. Ukizipitisha kwenye mashine ni sekunde arobaini na kitu, basi. Nikaunga pale palipobaki, kiungo bora kuliko vyote nilivyowahi kuunga, nikarudisha kopo mahali pake. Nilijiambia nitakirudisha kile kipande baada ya arobaini.

Mpiga picha wa mtaa wa Piassa aliweka kipande kwenye taa yake akachagua kijipicha kimoja. "Huyu mtoto aliyembeba je?" akauliza.

"Ni mtoto wa watu. Mtoe."

"Mama, ameshika shingo. Kichwa na mwili natoa, mkono hautoki bila kumkata marehemu."

"Basi uache mkono."

Hivyo ndivyo ulivyobaki.

Arobaini ilipofika tulikuwa na picha kubwa, na Alganesh mwenyewe ndiye aliyeibeba, akaangua kilio mpaka akaanguka. Watu walisema nimemheshimu mume wangu. Kile kipande nilikiviringisha, nikakitia kwenye kopo la mafuta ya kupikia lililokuwa limeisha, na kwa kuogopa mtu asikione wala asikinuse, nikaziba mfuniko kwa nta ya mishumaa niliyokuwa nakusanya kanisani. Nikaziba pande zote. Kopo nikaliweka nyuma ya picha ya Bikira Maria, juu ya mahali ninapowasha makaa ya kahawa na ubani.

Niliungama, ndiyo. Nilimwambia baba yangu wa roho, Aba Tekle, kwamba nimechukua kipande cha mali ya serikali. Akaniambia nisujudu mara arobaini kila siku kwa siku arobaini, na nirudishe nilichochukua. Nilisujudu zote, magoti yangu mpaka leo yanajua. Kurudisha nikasema Jumatatu. Ato Girmachew akastaafu, akafa, wakuu wakabadilika, mimi nikastaafu, na ile Jumatatu ikawa bado. Na kwenye maungamo yale sikumwambia Aba kwamba katika kipande kile kulikuwa na mtoto wa watu.

Sasa mwaka jana, Jumatano moja ya mfungo mkubwa wa kabla ya Pasaka, alinijia msichana mmoja anaitwa Mahlet. Anatengeneza filamu ya habari za njaa ile, na kazi yake ni kutafuta picha za zamani popote zilipo, kwenye maghala, kwa watu binafsi, hata chini ya vitanda. Ni msichana wa kuchekacheka, lakini akishika jambo haachi.

"Mama Yeshi, ofisini wamebaki vijana wasiojua kitu. Wamesema wewe hupitwi. Wamesema ukimwona inzi leo, kesho unajua kama ni yuleyule."

"Wamezidisha. Inzi simjui. Mwizi wa sukari ninamjua."

"Basi njoo unisaidie kumtafuta mwizi."

Nilifunga mlango wangu nikafuatana naye. Njiani sikumuuliza mwizi wa nini.

Ghalani alinionyesha kadi ya kopo, mwandiko wa Ato Girmachew, herufi zake nyembamba zilizolala. Mita mia na ishirini na mbili. Chini yake ameandika: "Dereva ambeba msichana mgonjwa kutoka kwenye foleni, amweka ndani ya lori. Uso wa msichana unaonekana vizuri."

"Nimeupima mkanda mara tatu," Mahlet akasema. "Mita mia na kumi na nne. Dereva hayupo, msichana hayupo. Tazama hapa." Akaniwekea filamu juu ya meza ya taa, ileile meza, akanipa kioo cha kukuzia. "Nimepitisha mashineni nisione kitu. Viungo vingine humu ni kama sare ya shule iliyoshonwa na baba. Hiki hata hakirukiruki. Aliyefanya hivi alikuwa fundi hasa."

Niliangalia kiungo changu. Hakikuwa kimeachia hata unywele.

"Vijana wanasema ni Ato Girmachew," akaendelea. "Wanasema alikuwa anawauzia wageni vipande."

"Ato Girmachew hakuuza hata kopo tupu," nikasema.

"Basi nani, mama?"

Niliinua uso kutoka kwenye kioo, na hapo ndipo nikamwona mwanamke aliyekaa kwenye sanduku karibu na mlango, shuka lake jeupe amejifunika mpaka kidevuni, mfuko wa safari miguuni. Mtu wa kaskazini, kutoka Wollo, ana miaka hamsini na kidogo. Mahlet akasema anaitwa Wudnesh, na kwamba yule msichana kwenye kadi ni mdogo wake.

"Umejuaje ni yeye?" nikauliza. Niliuliza nikitumaini atasema hajui.

"Nilikuwepo," Wudnesh akasema. Anasema polepole, kama anayehesabu vijiti vya kuni. "Mama alishakufa. Debritu alikuwa na miaka saba, hawezi kusimama. Mwanamume wa lori akasema anapeleka wagonjwa kwenye hema la madaktari, leta mtoto. Nikampa. Kulikuwa na mtu mwenye mashine ya picha, amevaa koti la ngozi, na joto lile. Nikamwambia dereva ningoje, nikachukue sufuria yetu. Niliporudi lori limeondoka."

"Ulimpata?"

"Nilipata kaburi. La watu kumi na wanne. Hilo silitafuti, dada, nalijua lilipo. Ninatafuta uso." Akashusha shuka kidogo. "Miguu yake naikumbuka. Sauti naikumbuka, mpaka leo nikisikia mtoto anaita maji nageuka. Uso umenitoka. Mwaka upi ulitoka sijui. Siku moja nilitaka kumwona nikakuta hayupo. Sina picha yake hata moja."

Nilimwambia Mahlet kwamba nimechoka, mfungo umenishika. Akataka kunisindikiza, nikakataa.

Nyumbani nilisimama mbele ya Bikira Maria muda mrefu kabla sijapeleka mkono nyuma yake. Kopo lilikuwa limeshika kutu. Nta nilikwangua kwa kisu cha jikoni. Mfuniko ulipoachia, harufu ya siki ilipanda mpaka macho yakatoa machozi, na nilijua kabla sijachungulia. Kazi yangu ilikuwa kujua kwa pua. Miaka ishirini na saba nilikuwa nimekifungia kile kipande na pumzi yake, juu ya makaa, kila siku mara mbili joto la kahawa, nikiwa najua. Ndani kulikuwa na donge. Filamu imeshikana, imejikunja kama ganda la chungwa lililokaushwa, imetoa unga mweupe. Nilijaribu kubandua mzunguko mmoja, ukavunjika vidoleni. Nikaweka nguvu zangu zote za miaka thelathini na moja, mvuke wa maji moto, kitambaa, subira. Picha ilibaki kwenye kitambaa kama masizi.

Etagegn alibisha hodi akaingia hapohapo, kama kawaida yake. "Unapika nini chenye siki wakati wa mfungo?"

"Sipiki."

Akaona lile donge mezani, akaniona mimi, akatoka taratibu akanifungia mlango. Ana mdomo mwepesi, lakini ana heshima zake.

Usinidhanie vizuri. Jioni ile nilifikiria kulitupa lile donge chooni na kunyamaza. Msichana angetafuta, asingepata, angerudi kwake. Yule mama angerudi Wollo. Ato Girmachew amekwisha kufa, hana la kupoteza. Niliipanga sawasawa, kama mtu anayepanga vyombo. Kilichonishinda ni yale maneno, "sina picha yake hata moja." Nilishayasikia kwa mdomo wangu mwenyewe, mbele ya koti.

Jumamosi niliwaita wote wawili. Nilichoma kahawa, nikaweka shayiri ya kukaanga, nikatandaza nyasi sakafuni kama kwa wageni wa heshima. Wudnesh nilimketisha mkabala na ukuta. Macho yake si mazuri. Alitazama picha kama mtu anayetazama picha ya mwenye nyumba, akasema, "Mungu amrehemu," akashika kikombe.

Nilingoja wanywe duru ya kwanza. Kisha nikasema.

"Ato Girmachew hakuuza kitu. Nilikata mimi. Dereva alikuwa mume wangu, sikuwa na picha yake ya kumlilia. Nilikata nikamtengenezea hiyo ukutani. Mdogo wako nilisema atolewe."

Mahlet akatua kikombe. "Mama Yeshi, kipande kiko wapi?"

Nikamwekea kopo mapajani. Akafungua, akafumba macho kwa ile harufu, akagusa donge kwa ukucha. Naye ni mtu wa kazi hii, hakuhitaji kuelezwa. "Na mpiga picha? Hakubaki na nakala?"

"Alichapisha kutoka kipande hichohicho. Duka lake halipo tena."

Wudnesh akaweka kikombe chini, akaniuliza kwa ile sauti ya polepole:

"Lakini wewe ulimwona."

"Ndiyo."

"Basi niambie. Alikuwaje? Paji lake, macho, mdomo. Wanasema hupitwi na kitu. Niambie tu, mimi nitashika."

Hilo sikuwa nimelitarajia. Nilitarajia anilaani, na kwa laana nilikuwa nimejiandaa tangu Jumatano, nimesali. Nilirudi kwenye ile meza ya taa kwa mawazo, nikautafuta ule uso. Nikaona bega lililoshuka. Nikaona mwendo wa Mengesha, mikunjo ya shati lake, jinsi anavyokanyaga. Pembeni ya kichwa chake kulikuwa na doa jeupe, kama la majivu, na macho yangu yalikuwa yamelipita.

Ningeweza kumtungia. Paji pana, macho makubwa, watoto wote wana macho makubwa wakiwa na njaa. Neno lilifika mdomoni, nikalimeza, kwa sababu angelibeba maisha yake yote na lingekuwa uongo wangu.

"Sikumtazama," nikasema. "Nilikuwa namtazama mume wangu."

Mahlet alianza kulia. Wudnesh hakulia. Aliinuka, akaenda karibu kabisa na ukuta, pua yake ikakaribia kioo, na sasa ndipo akauona ule mkono. Alisimama hapo mpaka kahawa ikaanza kuchemka juu ya makaa, na hakuna aliyeitoa.

"Alikuwa anashika hivi," akasema. "Ukimbeba anakamata kola. Mama alikuwa anamwambia utanichania nguo."

Akaishusha picha kwenye msumari, akaishika kwa mikono yote miwili.

Na mimi, Mungu ananisikia, hata saa ile nilitaka kubaki na Mengesha. Nilifungua mtoto wa meza nikatoa mkasi wangu wa kazi, ule mwembamba. "Lete nikukatie," nikamwambia. "Mkono nitautoa vizuri, na kipande cha kola. Hakitaharibika. Nitakufungia kwenye kitambaa."

Aliutazama mkasi. Halafu akanitazama mimi, kwa mara ya kwanza tangu aingie, moja kwa moja.

"Umeshakata ya kutosha," akasema.

Akaitia ile picha chini ya shuka lake, Mengesha na mkono pamoja, akaibana kifuani. Akachukua mfuko wake, akazikanyaga zile nyasi nilizomtandazia, akatoka bila neno jingine.